Gianni Di Venanzo: Fundi wa mwanga aliyeondoka kabla ya taa kuzimwa

Mtu atokapo sinema usiku, mdomoni mwake huwa na majina ya wachezaji. Atasimulia namna fulani alivyolia, fulani alivyopigwa risasi, na bibi fulani alivyokuwa mzuri wa sura. Akiwa ni mtu wa kufuatilia mambo, huenda akamtaja na mwelekezi wa filamu. Lakini ni nadra kumsikia akimtaja yule aliyepanga taa, akapima mwanga, akachagua lenzi, na kuamua kwamba uso wa bibi yule uwe nusu kizani, nusu mwangani. Ilhali bila ya mtu huyo, wale wengine wote wasingeonekana.

Italia imejaliwa kuwa na mafundi wengi wa kazi hiyo. Leo, msomaji wetu, twamzungumzia mmoja wao, Gianni Di Venanzo, aliyezaliwa katika mji wa Teramo, mkoani Abruzzo, tarehe 18 Desemba 1920, na kufariki dunia mjini Roma tarehe 3 Februari 1966, akiwa na umri wa miaka 45. Kazi ya mpiga picha mkuu aliifanya kwa muda wa miaka 15 tu. Lakini katika miaka hiyo michache sinema ya nchi yake ilivua nguo za zamani na kuvaa mpya si mara moja wala mbili, na kila ilipobadili vazi, yeye alikuwa miongoni mwa washonaji.

SIMU NYEUPE

Ili kuelewa alichokifanya Di Venanzo, yafaa kwanza kujua alikuta nini.

Mwaka wa 1937 serikali ya Mussolini ilifungua mjini Roma mtaa mzima wa studio za filamu uitwao Cinecittà. Humo zikatengenezwa filamu za kusifu utawala na vita, na nyingine nyingi za kuchekesha na za mapenzi, zilizohusu watu matajiri wakaao katika majumba ya fahari. Watu wakazibandika filamu hizo jina la simu nyeupe, kwa sababu chombo hicho cha anasa kilikuwa hakikosekani mezani.

Mwanga wa filamu hizo ulikuwa na kanuni zake. Taa moja kubwa ilimulika uso wa mchezaji. Ya pili ikapunguza vivuli upande wa pili. Ya tatu ikawekwa nyuma ili nywele zing'ae na kichwa kisishikamane na ukuta. Hivyo tajiri na maskini, mgonjwa na mzima, wote walionekana wamelainishwa kama sanamu za nta. Ikiwa ni usiku, uso wa mwigizaji ulimeremeta. Ikiwa ni chumba chenye mshumaa mmoja, bado uso ulimeremeta. Hakuna aliyeuliza mwanga huo umetoka wapi.

Kijana Di Venanzo aliingia kazini mwishoni mwa zama hizo. Alianza kama wanavyoanza wote: kubeba masanduku, kupakia filamu katika kamera gizani kwa kupapasa, kupima kwa futi umbali wa mchezaji na lenzi. Walimu wake walikuwa mabingwa wa kizazi kilichomtangulia, akina Aldo Tonti, Otello Martelli, na Aldo Graziati aliyejulikana zaidi kwa jina la G. R. Aldo.

Mwaka wa 1943 ilitoka filamu ya Luchino Visconti iitwayo Ossessione, na Di Venanzo alikuwa mmoja wa wasaidizi wa kamera. Filamu hiyo iliwachukiza wakubwa wa wakati ule. Haikuwa na majumba ya fahari wala simu nyeupe. Ilikuwa na barabara ya vumbi kando ya mto Po, mkahawa mchafu, wapenzi wawili waliotenda mauaji, na jasho la kweli juu ya paji la uso. Kwa kijana aliyekuwa akijifunza kazi, hiyo ilikuwa darasa tosha.

WAVUVI WA ACI TREZZA

Vita vilipokwisha, Cinecittà ilikuwa imegeuzwa makazi ya wakimbizi. Studio hamna, umeme wa shida, na filamu yenyewe hupatikana kwa vipande. Waelekezi wakatoka nje, wakapiga picha barabarani na katika nyumba za watu, wakiwatumia hata watu ambao hawakupata kuigiza maishani mwao. Dhiki ikazaa mtindo, na mtindo huo ukasifika ulimwenguni kote kuwa ndio sinema ya uhalisi mpya ya Italia.

Kwa La terra trema, yaani Ardhi Yatetemeka, iliyotoka mwaka wa 1948, Visconti alikwenda katika kijiji cha wavuvi cha Aci Trezza, kisiwani Sicilia. Wachezaji walikuwa wavuvi wenyewe na jamaa zao, na walisema kwa lahaja yao, ambayo Waitaliani wengi wa bara hawakuielewa. Kisa chake ni cha kijana aliyechoka kuwauzia samaki wachuuzi wanaomlipa wapendavyo, akaweka nyumba ya ukoo rehani ili avue kwa chombo chake mwenyewe. Dhoruba ikakivunja chombo, na nyumba ikaenda. Yeyote aliyelelewa ufuoni hahitaji kufasiriwa kisa hicho.

Mpiga picha mkuu alikuwa G. R. Aldo, na Di Venanzo alikuwa katika kundi lake. Mashua zilitoka usiku na taa zao mfano wa karabai, na taa hizo zikaonekana kama zinavyoonekana kwa mtu aliyesimama pwani: nukta za mwanga katikati ya weusi mkubwa. Vyumba vya wavuvi vilikuwa na kiza kwa sababu vyumba vya wavuvi ndivyo vilivyo. Hapo Di Venanzo alijifunza kwamba kiza nacho ni sehemu ya picha, na kwamba maskini hastahili kusingiziwa mwanga asiokuwa nao.

Aldo hakuishi sana. Alikufa mwaka wa 1953 katika ajali ya gari, kazi ya filamu ya Visconti iitwayo Senso ikiwa bado inaendelea. Tulikumbuke jambo hilo, kwani mwanafunzi naye yalimfika yanayofanana na ya mwalimu.

FILAMU YA MICHANGO

Di Venanzo alipata nafasi ya kuwa mpiga picha mkuu mwaka wa 1951, katika filamu ya Carlo Lizzani iitwayo Achtung! Banditi!, inayohusu wapiganaji wa msituni waliopambana na Wajerumani karibu na Genova. Fedha zake hazikutoka kwa tajiri. Uliundwa ushirika, na watu wa kawaida wakanunua hisa ndogo ndogo ili filamu ipate kutengenezwa. Kazi ya namna hiyo haikuwa na nafasi ya kukodi malori ya taa. Ushirika huo ndio uliotoa pia Cronache di poveri amanti, mwaka wa 1954, kisa cha mtaa mmoja wa walalahoi mjini Firenze wakati mafashisti walipokuwa wakishika hatamu. Filamu hii ilituzwa katika tamasha la Cannes.

Katikati ya kazi hizo mbili alipiga picha za L'amore in città, yaani Mapenzi Mjini, ya mwaka wa 1953, iliyokusanya visa vifupi vya waelekezi mbalimbali. Wawili kati yao walikuwa Michelangelo Antonioni na Federico Fellini, ambao wakati huo walikuwa bado hawajawa majina makubwa ya dunia. Wote wawili walikuja kumhitaji tena.

MWANGA WA UKUTANI

Sasa tuingie katika kiini cha ufundi wake, maana hapo ndipo penye mali.

Taa kubwa za studio hurusha mwanga mkali moja kwa moja, na kila kitu hupata kivuli kikali, mara nyingine viwili au vitatu, kinyume cha maumbile. Di Venanzo alizidi kuziacha. Akatumia balbu ndogo zenye nguvu, mfano wa zile za nyumbani lakini kali zaidi, akazielekeza kwenye dari, kwenye ukuta mweupe au kwenye mbao na vitambaa vyeupe, ili mwanga urudi ukiwa umetulia na kutawanyika. Mtu akiwa chumbani mchana, mwanga haumpigi kama bunduki. Huingia dirishani, ukagonga sakafu, ukagonga ukuta, ndipo ukamfikia usoni. Di Venanzo aliuiga mwendo huo. Filamu zenye wepesi zaidi wa kunasa mwanga, zilizoanza kupatikana katika miaka ya 1950, zilimsaidia.

Faida yake ilikuwa kubwa kuliko sura ya picha. Taa zikiwa nyepesi, chumba cha kweli cha orofa ya tatu chaweza kuwa studio. Mwanga ukiwa umeenea, mchezaji hahitaji kusimama palepale alipochorewa alama ya chaki. Aweza kutembea, akageuka, akakaa, na kamera ikamfuata. Kwa hivyo fundi wa taa alimpa mwelekezi na mchezaji uhuru ambao hawakuwa nao.

Lakini hasara pia ipo, na yataka ujasiri kuikubali. Mwanga wa namna hiyo haumpendelei mtu. Mikunjo ya uso yaonekana, uchovu waonekana. Wenye mali waliotaka nyota wao wang'ae, na wachezaji waliozoea kupambwa kwa taa, ilibidi wakubali kuonekana kama watu.

Katika Il grido, yaani Kilio, ya Antonioni iliyotoka mwaka wa 1957, fundi mmoja wa kiwanda cha sukari anaachwa na mwanamke aliyeishi naye, akazurura na bintiye mdogo katika nchi tambarare za mto Po wakati wa baridi. Filamu nzima ni ya rangi ya majivu. Ukungu umefunika mto na miti; hakuna cheupe kilicho cheupe wala cheusi kilicho cheusi. Mtazamaji huiona huzuni ya mtu yule kabla hajafungua kinywa. Kwa kazi hiyo Di Venanzo alipewa Utepe wa Fedha, tuzo ya waandishi wa habari za sinema wa Italia.

Mwaka uliofuata, 1958, alipiga picha za I soliti ignoti ya Mario Monicelli, kisa cha wezi wasiojua wizi: wanatoboa ukuta usio wao, wakajikuta jikoni, wakaishia kula tambi na dengu. Mazoea yalikuwa filamu ya kuchekesha iwe na mwanga tele. Yeye na Monicelli wakaifanya yenye vivuli na uzito, kana kwamba ni kisa cha majonzi. Watu wakacheka zaidi, kwa sababu njaa ya wezi wale ilikuwa njaa ya kweli.

WAELEKEZI WATATU, MACHO MAMOJA

Baina ya mwaka wa 1961 na 1963 Di Venanzo alifanya kazi ambayo wengine hawaifikii maisha yao yote. Katika muda huo aliwatumikia waelekezi watatu wasiofanana hata kidogo, na kila mmoja akampa ulimwengu wake.

Kwa Antonioni alipiga La notte, yaani Usiku, ya 1961, inayohusu mume na mke wa Milano ambao mapenzi yao yamekwisha. Inaanza kwa kamera kuteremka polepole kando ya jumba refu la Pirelli, jiji likionekana katika vioo vyake, kana kwamba linakaguliwa na mgeni. Filamu hiyo ilipata Dubu wa Dhahabu mjini Berlin. Ikafuata L'eclisse, yaani Kupatwa, mwaka wa 1962. Sehemu yake ya mwisho ni ya ajabu. Wapenzi wawili walikuwa wameagana kukutana kwenye njia panda. Hatumwoni hata mmoja wao akifika. Kwa dakika kadhaa twaonyeshwa njia panda tupu, pipa la maji linalovuja, basi linalopita, jioni inayoingia, na hatimaye taa ya barabarani ikiwaka. Hapo hakuna mchezaji wa kumsaidia mpiga picha. Ni mwanga peke yake unaosimulia.

Kwa Francesco Rosi alipiga Salvatore Giuliano, iliyotoka mwaka wa 1962, kuhusu jambazi wa Sicilia ambaye maiti yake ilikutwa uani mjini Castelvetrano tarehe 5 Julai 1950. Rosi alikwenda mahali penyewe palipotokea mambo, akawatumia wenyeji. Hata mauaji ya Portella della Ginestra, ambako tarehe 1 Mei 1947 wakulima waliokuwa wakisherehekea siku ya wafanyakazi walimiminiwa risasi na watu 11 wakauawa, yaliigizwa palepale. Di Venanzo aliipiga kana kwamba ni mwandishi wa habari aliyewahi kufika. Jua la Sicilia likapauka kama chokaa, nguo nyeusi za akina mama zikakata jicho. Jambazi mwenyewe akiwa hai haonekani uso. Ni koti jeupe tu huko mlimani. Kwa uamuzi huo filamu ilikataa kumfanya muuaji kuwa shujaa. Tuzo ya Utepe wa Fedha ikamrudia Di Venanzo.

Na Rosi huyo huyo alipofichua, katika Le mani sulla città ya 1963, namna wenye majengo na wanasiasa wa Napoli walivyougawana mji, jengo la maskini likiporomoka mwanzoni mwa filamu mbele ya macho yetu, mwanga wa Di Venanzo ulikuwa mkavu kama ushahidi wa mahakamani. Filamu ikatwaa Simba wa Dhahabu huko Venezia.

Kwa Fellini mwaka huohuo wa 1963 ilitoka Otto e mezzo, yaani Nane na Nusu. Kisa chake ni cha mwelekezi aliyekwama, asiyejua filamu yake ihusu nini, akakimbilia katika kumbukumbu na ndoto. Hapa uhalisi wa habari haukuwa na kazi. Di Venanzo akageuza mkono. Kwenye chemchemi za tiba, weupe umeachwa uungue mpaka watu waonekana kama wanaelea. Kisha weusi mzito unaingia bila ya kubisha hodi. Ndoto na mambo ya kweli yamepigwa kwa namna ambayo mtazamaji havuki mpaka kwa kujua. Hujikuta yuko ng'ambo. Filamu hiyo ilipata Oscar mbili mwaka wa 1964, na yeye Utepe wa Fedha mwingine. Wako wanaoihesabu kuwa miongoni mwa kilele cha sinema ya nyeusi na nyeupe.

Wengine wameuliza, fundi anayebadilika hivi kwa kila bwana, je, ana sauti yake mwenyewe? Jawabu limo katika filamu zenyewe. Ukungu wa Po, chokaa ya Sicilia na weupe wa ndoto za Fellini havifanani, lakini vyote vimekataa jambo moja: mwanga wa kupamba usio na sababu. Kila mwanga wake una pale ulipotoka na una neno la kusema.

RANGI YABISHA MLANGO

Kufikia katikati ya miaka ya 1960 enzi ya nyeusi na nyeupe ilikuwa yaelekea magharibi. Watazamaji na wenye fedha walitaka rangi. Kwa mtu wa mwanga wa ukutani hilo halikuwa jambo dogo. Filamu za rangi za wakati huo zilihitaji mwanga mwingi zaidi, na mwanga ukigonga ukuta wa rangi hurudi na rangi hiyo usoni mwa mtu. Aliyekuwa bingwa ilimpasa kurudi chuoni.

Alirudi, na mwaka wa 1965 pekee zilitoka filamu zake tatu za rangi. Il momento della verità ya Rosi ilihusu kijana mkulima wa Hispania anayekuwa mpigana na fahali. Kwa lenzi ndefu, yeye na wenzake akina Pasqualino De Santis walimleta mnyama na mtu karibu hata damu na vumbi vikaonekana kama viko mbele ya kiti cha mtazamaji. La decima vittima ya Elio Petri ilikuwa ya mambo yajayo, mauaji yakiwa mchezo halali. Na Giulietta degli spiriti, filamu ndefu ya kwanza ya Fellini ya rangi, ilimwonyesha mke aliyehiniwa na mumewe akitembelewa na mizimu na kumbukumbu. Nyumbani kwa Giulietta ni weupe na kijani; kwa jirani yake mpenda anasa ni wekundu na manjano. Rangi zikawa zafanya kazi iliyofanywa na vivuli: zasema yaliyomo moyoni mwa mtu.

Ndipo mwelekezi wa Marekani, Joseph L. Mankiewicz, alipomchukua kwa filamu iitwayo The Honey Pot. Kazi ikiwa inaendelea Di Venanzo akashikwa na ugonjwa wa ini, na mnamo Februari 1966 akafariki. Kama vile kwa Aldo, filamu ilibaki mikononi mwa wengine. Aliyeikamilisha ni De Santis, mwanafunzi na msaidizi wake wa miaka mingi. Ilionyeshwa mwaka wa 1967, jina la marehemu likiwa juu yake.

ALICHOACHA

De Santis aliendelea, akapata Oscar ya upigaji picha kwa Romeo and Juliet ya Franco Zeffirelli, filamu ya mwaka wa 1968, na akabaki kuwa mpiga picha wa Rosi kwa miaka mingi. Mwanga wa kurudishwa kutoka ukutani, ambao zamani ulihesabika kuwa ni ukaidi, leo ni ada katika sinema za nchi nyingi. Wapiga picha wengi huutumia bila ya kujua ni nani aliyepigana ili ukubaliwe. Mji wa Teramo, kwa upande wake, haukumsahau mwanawe. Tangu miaka ya 1990 hutolewa huko tuzo yenye jina lake kwa mabingwa wa kazi hiyo.

Mtu wa miaka 45 hajamaliza. Alikuwa ameufikia ukomo wa nyeusi na nyeupe na ndiyo kwanza ameushika mlango wa rangi. Angefanya nini humo ndani hatutajua, wala si kazi yetu kubuni. Lakini zilizobaki zatosha. Msomaji akipata nafasi ya kuiona mojawapo ya filamu hizi, na amwache kidogo mchezaji, atazame ukuta ulio nyuma yake, dirisha lililo pembeni, na namna mwanga unavyofika usoni. Hapo ndipo alipo Di Venanzo.